Uso ulio kwenye noti

Chukua noti yoyote ya pauni ya Sudan Kusini. Iwe ya tano iliyopita mikono mingi hadi ikalainika kama kitambaa, iwe ya mia tano ambayo bado ina ukakamavu wa kiwandani, uso utakaoukuta ni ule ule: John Garang de Mabior, kiongozi wa vita vya ukombozi, aliyefariki katika ajali ya helikopta tarehe 30 Julai 2005, wiki tatu tu baada ya kuapishwa kuwa Makamu wa Kwanza wa Rais wa Sudan. Muuza chai wa soko la Konyo Konyo, mjini Juba, humkunja Garang, humtia kibindoni, humrudisha kwa mteja kama chenji. Pauni ilipoporomoka, nyuso hizo zilianza kufungwa kwa mpira na kubebwa bunda kwa bunda. Sasa fikiria kwamba mtu huyo ni baba yako, kwamba alikufa ungali msichana, na kwamba umesomea kazi ya filamu na unataka kutengeneza filamu kuhusu kwenu. Kamera utaielekeza wapi? Kila mtu nchini anaijua sura ya baba yako, na kwa sababu hiyo hiyo hakuna anayesimama kuitazama.

Hilo ndilo fumbo lililomkabili Akuol de Mabior alipotengeneza No Simple Way Home, filamu ya makala iliyoonyeshwa kwa mara ya kwanza Februari 2022 katika kitengo cha Panorama cha tamasha la filamu la Berlin. Kwa Kiswahili tungeiita Hakuna Njia Nyepesi ya Kurudi Nyumbani. Mwenyewe alizaliwa Cuba, akakulia Kenya, akasoma Cape Town. Hilo neno nyumbani kwake si jepesi tangu mwanzo. Kamera aliielekeza kwa mama yake, Rebecca Nyandeng de Mabior, mjane wa Garang, ambaye Februari 2020 aliapishwa kuwa mmoja wa makamu watano wa rais chini ya mkataba wa amani. Naisifu kazi hii kwa sababu moja ambayo nadhani inapita filamu hii na mtengenezaji wake. Ufundi wa mtunzi na mwongozaji huru ni kumtoa mtu ndani ya picha ambayo wengine wamekwisha kumtengenezea. Kazi hiyo hufanywa kwa kuandika na kusubiri kuliko inavyofanywa kwa kamera, na sijui mji unaoihitaji kuliko Juba.

Sudan Kusini ilikuwa na picha kabla ya kuwa na bendera. Machi 1993 mpigapicha Kevin Carter alifika Ayod, katika eneo ambalo leo ni jimbo la Jonglei, akapiga picha ya mtoto aliyeinama kwa njaa huku tumbusi ametua nyuma yake. Picha ile ilichapishwa duniani kote na mwaka 1994 ikapata tuzo ya Pulitzer. Kwa miaka mingi walioitazama walimwita yule mtoto msichana. Mwandishi wa gazeti la Hispania alipokwenda Ayod mwaka 2011 na kuipata familia, aliambiwa kwamba alikuwa mvulana, na kwamba njaa ile hakufa nayo. Aliishi miaka mingine mingi. Simlaumu Carter. Picha moja ya mnato hukaa katika sehemu ndogo mno ya sekunde, haina jana wala kesho, na anayeitazama hujijazia mwenyewe kilichobaki. Mwishoni mwa 2010, kura ya maoni ya uhuru wa kusini ilipokaribia, mwigizaji George Clooney na wenzake walianzisha mradi wa kuutazama mpaka wa kaskazini na kusini kwa setilaiti. Naye Hubert Sauper, yule aliyetengeneza filamu ya samaki wa Mwanza mwaka 2004, aliruka hadi Sudan Kusini kwa ndege ndogo aliyoiunda mwenyewe, na mwaka 2014 akatoa We Come as Friends. Ni filamu ya mtu mwenye dhamira, na ina maswali makali juu ya wageni wanaokuja kuchukua. Hata hivyo, kamera yake imetua kutoka angani, na wale anaokutana nao chini huwa hatukai nao muda wa kutosha kujua kesho yao.

Akuol de Mabior hakuwa na haja ya kutua. Alikuwa sebuleni. Wengi hudhani ukaribu wa namna hiyo hurahisisha kazi, lakini kwa mtengenezaji wa filamu ni mzigo, maana mtu wa karibu humwoni vizuri, na mama aliyezoea kuhutubia umati anaweza kukuhutubia hata wewe mwanawe mezani. Hapo ndipo uandishi unapoingia. Watu husikia muswada wakafikiria filamu ya kuigiza, yenye majibizano yaliyokwisha kupangwa. Dokumentari huidhania kuwa ni suala la kuwasha kamera na kungoja. Ukweli ni kwamba dokumentari nzuri huandikwa mara tatu. Huandikwa kwanza kwenye karatasi, mtengenezaji anapowaeleza watayarishaji kitu ambacho bado hakijatokea. Huandikwa tena kila siku ya kupiga picha, kwa kuamua ni mlango upi wa kusimama na ni swali lipi la kuliacha mpaka kesho. Kisha huandikwa katika chumba cha uhariri, ambako saa nyingi za picha hupunguzwa mpaka zikae ndani ya saa moja na nusu, na kila kilichoondolewa hubadilisha maana ya kilichobaki. Sauti inayosimulia No Simple Way Home ni ya mwongozaji mwenyewe, na kuiandika sauti hiyo pekee ni mtihani. Ikieleza sana, inageuka hotuba kama zile za mama. Ikinyamaza sana, mtazamaji asiyejua historia ya vita na mikataba anapotea.

Itazame tofauti hii kwa karibu. Mhariri wa habari za televisheni hukata picha pale jibu linapoisha. Waziri amesema alilotaka kusema, nukta, twende kwa lingine. Mwongozaji wa filamu ya makala huiacha picha sekunde tatu au nne zaidi, na katika sekunde hizo uso hufanya kitu ambacho hakuna msemaji wa serikali anayeweza kukipanga: taya hulegea, macho huondoka kwa aliyeuliza na kutafuta kitu cha kushika, cheo hushuka kutoka mabegani. Akibaki mama tu, au mjane tu, mtazamaji huona. Kujua sekunde hizo zipo, kuziacha ziishe, na kuzikata kabla hazijawa uchokozi, huo ni ufundi sawasawa na wa seremala anayejua mbao itapasukia wapi.

Kazi hii ina jamaa yake mkubwa mbali sana na Juba, nchini Brazil. Eduardo Coutinho alianza kutengeneza filamu mwaka 1964 kuhusu João Pedro Teixeira, kiongozi wa chama cha wakulima katika jimbo la Paraíba, aliyeuawa mwaka 1962. Wakulima wenyewe waliigiza, na mjane wake, Elizabeth Teixeira, aliigiza nafsi yake. Wiki chache baadaye wanajeshi walipindua serikali, wakavamia mahali pa kazi na kukamata vifaa. Sehemu ya mikanda ilinusurika kwa kuwa ilikuwa imekwisha kupelekwa maabara kusafishwa. Elizabeth alikimbia, akabadili jina, watoto wake wakatawanyika. Coutinho alingoja miaka 17. Mwaka 1981 alimtafuta yule mjane, akampata katika mji mdogo ambako majirani walimjua kwa jina lingine, na mbele ya kamera akalichukua tena jina lake. Filamu ilitoka mwaka 1984, na tangu hapo watu wa Brazil huitaja kati ya filamu bora walizowahi kuzifanya. Nawaweka pamoja wajane hawa wawili nikijua wametengana sana: mmoja alifua nguo za watu na kufundisha watoto kusoma akiwa mafichoni, mwingine amekuwa waziri na makamu wa rais. Kinachowaunganisha ni kwamba kila mmoja alifunikwa na marehemu mume aliyekuwa nembo, na kila mmoja alihitaji mtu mwenye kamera na subira ili asikike kwa sauti yake.

Lakini tofauti ile inaleta pingamizi zito, na silikwepi. Coutinho alikwenda kwa walionyimwa. De Mabior amekwenda kwa wenye dola. Mtu anaweza kuuliza kwa haki: uhuru wa mwongozaji huyu uko wapi, ikiwa mhusika wake mkuu ni makamu wa rais na pia ni mama mzazi? Nchi iliingia vitani Desemba 2013, na watafiti wamekadiria kwamba karibu watu 400,000 walipoteza maisha kwa sababu ya vita hivyo kufikia Aprili 2018. Wakubwa wa chama kilichoongoza ukombozi wanadaiwa majibu. Nakubali kwamba yapo maswali ambayo mwandishi wa habari angeyauliza, na ambayo binti hawezi kuyauliza kwa ukali ule ule. Ninachokikataa ni wazo kwamba uhuru ni umbali. Mwongozaji asiye na nasaba na mtu yeyote Juba bado anaweza kufungwa na wafadhili wake, na kibali chake cha kupiga picha, na hamu yake ya kupata tuzo. De Mabior anatuambia tangu mwanzo amesimama wapi. Sauti yake haijifanyi haina mzazi. Tukijua hivyo, tunapima kila picha kwa mizani yetu wenyewe, na sehemu ambayo upendo unamzuia kwenda mbele tunaiona kwa macho yetu, nayo inakuwa ushahidi wa namna madaraka na udugu vinavyofungamana katika nchi ndogo kwa umri. Filamu ya propaganda hufanya kinyume chake: hukificha kiti cha anayeongea.

Pingamizi la fedha za nje nalo husemwa mara nyingi, na halinisumbui sana. Ni kweli kwamba filamu hii ilizaliwa katika mradi wa Generation Africa wa shirika la Steps, Afrika Kusini, na kwamba mtayarishaji wake, Sam Soko, ni mtu wa Nairobi, mwenyewe mwongozaji wa Softie ya mwaka 2020. Lakini ni nani Juba angeithubutu peke yake? Wasanii wa kikundi cha Woyee, waliotengeneza filamu ya Jamila wakati nchi inazaliwa mwaka 2011, walikuwa na moyo na vifaa vichache. Simon Bingo na wenzake walianzisha Tamasha la Filamu la Juba mwaka 2016, mwaka ambao risasi zilirindima mjini mwezi Julai. Na Nairobi si ugenini. Mkataba wa amani wa 2005 ulitiwa saini huko, vizazi vya watoto wa kusini vilisoma huko, na tangu mwaka 2016 Sudan Kusini imo katika Jumuiya ya Afrika Mashariki. Nionavyo, Msudani Kusini kutengeneza filamu na Mkenya ni jumuiya kuliko mikutano mingi ya mawaziri.

Linaloniuma zaidi ni lile la njaa: watu wanakimbia mafuriko Jonglei, barabara hazipitiki, nani ana haja ya filamu? Nalijibu kwa hema. Kwa miaka kadhaa nyaraka za taifa la Sudan Kusini, kumbukumbu za utawala tangu enzi za ukoloni, zilirundikwa ndani ya hema mjini Juba, karatasi zikiliwa na mchwa na kunyeshewa, mpaka wahifadhi walipoanza kuzipanga na kuzinakili kwa msaada wa taasisi ya Rift Valley. Nchi iliyoweka kumbukumbu zake hemani inajua vizuri kwamba kupigania chakula hakukomi hata siku moja, na kwamba kinachongojewa mpaka chakula kitoshe hakitapona mchwa. Katika filamu hii zimo sauti za watu, Kidinka na Kiarabu na Kiingereza, zimo nyumba za Juba, imo serikali ya 2020 ikiwa mpya na watu bado wakiingoja kwa matumaini. Miaka 30 kutoka sasa, mwanafunzi atakayetaka kujua mwaka ule ulikuwaje ndani ya nyumba moja yenye madaraka, atakuwa na kitu cha kutazama.

Limebaki swali la nani ataitazama, maana Berlin ni mbali na Konyo Konyo. Coutinho aliporudi mwaka 1981 kwa wakulima wa Galileia, wale walioigiza katika filamu yake ya 1964, alichokifanya kwanza ni kuweka projekta usiku na kuwaonyesha mikanda iliyonusurika, wao wenyewe wakiwa vijana. Hakuwa na filamu bado. Alikuwa na vipande visivyo na sauti. Kamera ya pili ilielekezwa kwa waliokaa wakitazama. Nyuso zilizokuwa zimezeeka kwa miaka 17 zikaangaziwa na mwanga unaotoka kwenye nyuso zao za zamani, na mmoja baada ya mwingine wakaanza kunyoosha kidole na kutajana majina.