Mzee Ojwang na lafudhi ya kuazima

Wiki hii sitaandika juu ya mihogo wala mbolea. Nataka tuongee juu ya mzee mmoja wa Kenya ambaye wengi wetu tunamjua kwa vipande vya video tu, vile vinavyotumwa kwenye telefone mpaka ma-mega yanaisha: Mzee Ojwang. Mwishoni nitawaambia juu ya nini namuongelea hapa Nyangezi, na kosa gani langu mwenyewe limenifikisha kwake.

Jina lake la kweli ni Benson Wanjau. Alikufa Nairobi tarehe 12 Julai 2015, katika Hospitali Kuu ya Kenyatta, baada ya kuugua nimonia. Kwa miaka zaidi ya 30 watu walimuona kwenye televisheni ya taifa ya Kenya, ile iliyoitwa Sauti ya Kenya na baadaye KBC, katika michezo kama Vitimbi na Vioja Mahakamani. Miwani, suruali pana, koti la kizamani, na Mama Kayai pembeni yake akimuuliza pesa zimeenda wapi. Ndiyo hivyo tu, na nchi nzima ilikuwa inakaa kimya kumsikiliza.

Sasa jambo ambalo lilinishangaza: Ojwang ni jina la Kijaluo. Lafudhi yake ni ya Kijaluo, ile ambayo "shida" inatoka mdomoni ikiwa "sida". Lakini Benson Wanjau alikuwa Mkikuyu. Mama Kayai naye, Mary Khavere, ni Mluhya. Kumbe nyumba ile ya Kijaluo ambayo Kenya nzima iliipenda ilijengwa na watu wawili ambao hawakuwa Wajaluo.

Mtu wa Kivu akisikia hivyo, anashtuka. Kwetu, kuiga namna kabila lingine linavyoongea ni kucheza na moto. Na Kenya si nchi ambayo mambo hayo ni mchezo. Baada ya uchaguzi wa Desemba 2007, watu zaidi ya 1,000 waliuawa, na Wakikuyu na Wajaluo walikuwa katikati ya ule ugomvi. Hata hivyo, Mkikuyu huyu aliyevaa jina la Kijaluo alibaki mzee wa wote, na alipokufa aliliwa machozi na pande zote. Alifanya nini?

Wengine watasema: alikuwa fundi wa kuiga. Mimi sikubali kwamba hiyo inatosha. Watu wanaojua kuiga tuko nao kila mtaa Bukavu, na wengi wao ukiwasikia mara mbili umechoka. Nilifanya jaribio dogo: nilitazama vipande vyake huku nimefunga sauti. Bado nilicheka. Nilicheka kwa sababu nilimuona mwanaume mwenye majivuno makubwa na mfuko mdogo, anayefikiri amewashinda wote kwa akili, na ambaye mke wake amekwisha kumjua tangu zamani. Lafudhi ilikuwa nguo tu. Mtu aliyekuwa ndani ya nguo alikuwa na tamaa yake, woga wake, na heshima aliyoipigania. Huwezi kusema "Wajaluo ndivyo walivyo." Unasema "Huyu ni mjomba wangu," hata kama mjomba wako ni Mushi wa Walungu.

Mlinganishe na King Majuto, Amri Athumani wa Tanga, aliyekufa tarehe 8 Agosti 2018, ambaye filamu zake tunazijua sana huku. Majuto alikuwa mtu wa Pwani akicheza watu wa Pwani. Kiswahili kile kilikuwa cha nyumbani kwake. Kazi ya Wanjau ilikuwa na hatari zaidi: aliingia nyumba ya jirani, akakaa miaka mingi, na wenye nyumba hawakumfukuza.

Lakini nisimsifu bila kipimo. Michezo ya aina ile ilikuwa na ugonjwa wake: kila kabila linapewa lafudhi yake, na mchezaji dhaifu anaishia hapo. Neno linavunjwa, watu wanacheka, basi. Pia mchezo ulimeza mtu. Watu walimuita Ojwang mpaka jina Wanjau likawa kama la mtu mwingine. Na uzeeni, macho yalipomsumbua, ilibidi wananchi wachangishane pesa ili atibiwe. Mtu aliyechekesha nchi miaka 30 asingefika hapo. Sisi tunaopenda kusema "sanaa ni ya kujitolea" tufikirie hilo vizuri.

Sasa kosa langu. Mnajua mnyauko wa migomba, ile BXW, ulivyotumaliza huku. Tulipotoka chuo, mimi na wenzangu tuliandika mchezo mfupi wa kufundisha watu: kata ua dume kwa kijiti chenye panda, si kwa panga, safisha panga kwa moto au kwa javel, mugomba wenye ugonjwa uondoe mapema. Mambo yote ya kweli. Katika mchezo kulikuwa agronome, anaongea Kiswahili safi na Kifaransa kidogo. Na kulikuwa mlimaji. Mlimaji nilimcheza mimi. Nilimpa lafudhi nzito ya Mashi, R na L zinagombania kiti kimoja, suruali imekunjwa goti moja, na kichwa kigumu. Watu walicheka sana. Nilijiona msanii.

Tulipomaliza, mama mmoja mzee alinijia akaniuliza polepole: "Mwana wangu, yule mujinga mulimutosha wapi? Ni miye?" Sikuwa na jibu. Aliinua kikapu chake akaenda. Sidhani kama alikumbuka kijiti wala javel. Alikumbuka goti.

Na mimi ni mtoto wa hapa! Lafudhi ile ni ya baba yangu. Hakuna mtu aliyeweza kunikataza kuiga, ni lugha ya kwetu. Lakini nilikuwa mgeni zaidi ndani yake kuliko Mkikuyu yule ndani ya Kijaluo, kwa sababu sikumpa mlimaji wangu sababu yoyote. Kwa nini hataki kung'oa mugomba? Juu ya ujinga tu, niliandika hivyo. Kumbe ule mugomba ndio minerval ya mtoto, ndio kasiksi ya mahari. Mwenye akili timamu angesita.

Tuliandika upya. Mlimaji sasa anahesabu: mikungu mingapi, mwaka mzima wa shule, deni la duka. Agronome anashindwa kumjibu mara ya kwanza, anarudi na pendekezo la kuanza na shina lile linaloumwa peke yake. Lafudhi niliiacha palepale, sikuiondoa. Watu walicheka bado, lakini walicheka sehemu nyingine: pale agronome anapokwama. Na baada ya mchezo wazee wawili walibaki kutubishia juu ya kijiti, kama kweli kinatosha. Tulibishana mpaka giza. Mara ya kwanza hakuna aliyebaki.

Basi, wale wanaotayarisha michezo ya siku yetu ya asosiasyo: nimesikia kuna mhusika "wa kijijini" tena. Sisemi mumtoe. Someni maneno yake bila lafudhi, kwa sauti ya kawaida, mbele ya mtu mmoja. Kama hakuna kilichobaki cha kuchekesha, mumeandika kabila, hamujaandika mtu. Nami niko tayari kuja kwenye mazoezi, niitieni tu.