Hiari Yashinda Utumwa: Neno "Ngaitana" na Utashi wa Mhusika katika Riwaya

Katika uhakiki wa fasihi ya Afrika Mashariki suala la hiari ya binadamu limezoeleka kuulizwa kwa namna moja tu: je, mhusika huyu yu huru, au ni mateka wa mila, wa majaliwa au wa mfumo wa jamii? Wahakiki hugawanyika makundi mawili, na kila kundi hupata katika matini ushahidi wa kulitosha. Makala hii inakusudia kuonyesha kwamba swali lenyewe halikuulizwa vizuri, na kwamba lugha ikisikilizwa kwa makini inalo swali lililo bora zaidi. Mfano utakaotumiwa unatoka katika nchi ya Wameru, ambako Kangeta imo, nao ni wa neno moja tu: ngaitana.

Neno hilo lina historia yake. Mwezi wa Aprili mwaka 1956, wakati wa Hali ya Hatari, Njuri Ncheke, yaani baraza kuu la wazee wa Kimeru, lilipiga marufuku tohara ya wasichana. Amri hiyo, ambayo watawala wa kikoloni waliiunga mkono, ilihusu wilaya ya Meru, tangu Nithi upande wa kusini hadi Igembe katika milima ya Nyambene, iliko Kangeta. Baraza lilikuwa la wanaume, ilhali jambo lililokatazwa lilikuwa mikononi mwa wanawake tangu zamani. Wasichana wengi hawakutii. Walinunua nyembe madukani, wakaingia vichakani, wakakatana wao kwa wao bila ya ngariba na bila ya sherehe za desturi. Mwanahistoria Lynn Thomas, aliyelichunguza jambo hili katika kitabu chake cha mwaka 2003, ameeleza kwamba katika miaka 3 iliyofuata watu zaidi ya 2,400, wasichana, wanawake na wanaume, walishtakiwa kwa kuivunja amri hiyo. Wasichana wenyewe wakapewa jina la Ngaitana.

Msomaji wa Kiswahili hahitaji mkalimani ili auone muundo wa neno hili. N- ni nafsi ya kwanza, kama ni- yetu. -Ga- ni ya wakati ujao, kama -ta-. -I- ni kiambishi cha kujirejea, kama -ji-. Na mzizi -tan- una maana ya kutahiri. Ngaitana, basi, ni "nitajitahiri". Mtenda ni mimi, mtendwa ni mimi, na tendo bado halijatendeka bali limekusudiwa. Ni shida kupata tamko la utashi lililo wazi kuliko hili. Baraza limekataza, serikali imekataza, mahakama inaadhibu. Na msichana anasema kwamba atatenda. Anayetaka kudai kwamba binti wa Kimeru wa mwaka 1956 hakuwa na nia yake mwenyewe hana budi kwanza alijibu neno hili.

Hata hivyo neno lenyewe linaficha jambo. Yafaa ikumbukwe kwamba -an- iliyomo ndani yake ni sehemu ya mzizi, wala si kiambishi cha kutendana. Lakini kutendana ndiko kulikotokea huko vichakani. Wasichana hawakujitahiri, walitahiriana. Mmoja alishika wembe, mwingine akashikwa, na wengine wakasimama kando. Jina lilitumia kauli ya kujirejea kwa tendo lililotendwa na kundi. Upo basi umbali baina ya sarufi ya jina na sarufi ya tendo, na ndani ya umbali huo ndimo suala la hiari linamokaa. Aliyesema "mimi" alikuwa na wenzake waliomwangalia, mama na nyanya waliotazamia awe mwanamke kamili, na rika ambalo kama angebaki nyuma lingemcheka. Hakuna hata mmoja wao aliyemlazimisha kwa fimbo. Hakuna pia hata mmoja aliyemwuliza kama kulikuwa na njia nyingine.

Methali ya Kiswahili yasema kwamba hiari yashinda utumwa. Methali hii husifiwa kama ushahidi wa kuthaminiwa kwa uhuru, lakini ikichunguzwa itaonekana kwamba inazungumzia namna ya kutenda tu. Kazi ni ile ile; tofauti ni moyo wa mfanyaji. Aliyeridhia hulima vizuri kuliko aliyetumwa, lakini methali haiulizi ni nani aliyeamua kwamba shamba lilimwe. Ngaitana ni hiari ya aina hiyo. Wazee walikataza tendo. Wasichana wakalishika tendo lile lile, wakabadilisha mtenda. Walijipatia uhuru wa kuwa watendaji, na tendo lenyewe likabaki kama walivyolirithi.

Falsafa ya Magharibi nayo imekwama mahali hapa. Mwaka 1971 Harry Frankfurt wa Marekani alitoa hoja kwamba binadamu hutofautiana na mnyama kwa kuwa anaweza kutaka matakwa yake mwenyewe. Mtu yu huru katika utashi wake iwapo nia inayomsukuma ndiyo anayotaka imsukume. Kwa kipimo hicho wasichana wa Meru walikuwa huru, kwani yamkini walitaka tohara na pia walitaka kuwa watu wanaoitaka. Lakini matakwa ya pili yalifunzwa na walimu wale wale waliofunza ya kwanza. Kupanda ngazi moja juu ndani ya nafsi ya mtu hakumtoi mtu huyo nje ya nyumba aliyolelewa.

Mwaka huo huo wa 1971 ilichapishwa riwaya ya Euphrase Kezilahabi, Rosa Mistika. Rosa, binti wa Ukerewe, analelewa na baba, Zakaria, anayempiga vikali kwa sababu ya barua ya mvulana. Anapotoka nyumbani kwenda shule Mwanza, zuio la baba haliko tena, naye anajitumbukiza katika yale aliyokatazwa, mpaka mwishowe anajiua. Wahakiki wengi wamemlaumu ama baba kwa ukali ama binti kwa kuutumia uhuru vibaya. Lawama zote mbili zinakubaliana kwamba huko Mwanza Rosa alikuwa huru. Lakini je, alikuwa huru kweli? Anachokifanya ni amri ya Zakaria iliyogeuzwa juu chini, kama vile tamko la Ngaitana lilivyokuwa amri ya Njuri Ncheke iliyogeuzwa. Nia inayopata umbo lake kutokana na katazo bado inaongozwa na katazo. Zakaria hakuwahi kuzungumza na bintiye juu ya jambo lenyewe. Alimwachia Rosa kutii au kuasi tu, na Rosa akafanya kwanza hili, kisha lile.

Muthoni katika The River Between, riwaya ya Ngugi wa Thiong'o ya mwaka 1965, anakwenda mbele zaidi. Yeye ni binti wa Joshua, mhubiri Mkristo asiyetaka hata kusikia habari za tohara. Anatoroka, anatahiriwa, kidonda kinaharibika, naye anafariki. Kwa juu juu huyu ni Ngaitana mwingine, na baadhi ya wasomaji humsoma hivyo, wakimwita ama shujaa ama mwathirika. Lakini Muthoni hataki kumwasi Mungu wa baba yake. Anataka kuwa Mkristo na mwanamke wa kabila lake kwa pamoja, yaani analipa tendo la zamani maana ambayo hakuna upande uliompa. Hapo utashi wake unagusa tendo lenyewe, si mtenda peke yake. Msiba wa Muthoni ni kwamba maana hiyo anaweza kumweleza dada yake Nyambura na Waiyaki tu. Baba hasikii. Na anapokufa, kila upande unakifanya kifo chake kuwa ushahidi wa madai uliyokuwa nayo tangu mwanzo. Aliamua, akasema, akakosa wa kumjibu.

Swali linalopendekezwa hapa, basi, ni hili: kabla ya kutenda, mhusika aliruhusiwa kusema nini juu ya tendo, na ni nani aliyewajibika kumjibu? Meru yenyewe imetoa mfano wa swali hili kupata jibu. Mwaka 1996, huko Gatunga katika Tharaka, Maendeleo ya Wanawake pamoja na shirika la PATH walianzisha jando la wasichana lisilo na kisu, ambalo wasichana hufunzwa kwa faragha kisha hupokewa hadharani na jamii. Jando hilo liliitwa Ntanira na Mugambo, yaani tohara kwa maneno. Mzizi ni ule ule, -tan-, lakini kiambishi cha kujirejea hakimo, na mahali pa wembe pamewekwa sauti ya watu. Mnamo 1956 wakubwa waliamua na wadogo wakakataa. Mnamo 1996 mama, binti na jirani walilazimika kuzungumza kwanza.

Huenda mtu akasema kwamba sheria imekwisha kulimaliza jambo hili. Ni kweli kwamba sheria ya Kenya ya mwaka 2011 inakataza ukeketaji na haikubali ridhaa ya aliyekeketwa kuwa utetezi. Na tarehe 17 Machi 2021 Mahakama Kuu ilikataa ombi la kutaka sheria hiyo ibatilishwe, ombi lililodai kwamba mwanamke mtu mzima ana haki ya kujiamulia. Sheria inafanya kazi yake ya kulinda mwili, na madhara yanayojulikana yanatosha kuihalalisha. Lakini 1956 pia ilikuwa na sheria. Kilichokosekana ni mazungumzo, na mazungumzo ni kazi ambayo sheria haiwezi kuifanya peke yake.

Ndiyo maana ufundishaji wa riwaya hizi una uzito katika shule ya Kangeta kuliko unavyoonekana katika semina ya chuo kikuu. Wasichana wa 1956 walio hai leo ni mabibi wa miaka themanini na zaidi. Mwanafunzi anayesoma habari za Muthoni huenda analala nyumba moja na mmoja wao. Mwalimu anayemwuliza kama Muthoni alikuwa huru, ndiyo au la, anamtaka amhukumu nyanya yake. Mwalimu anayemwuliza Muthoni alitaka kusema nini, na nani alipaswa kumsikiliza, anampa swali la kwenda nalo nyumbani jioni, amwulize bibi mwenyewe, naye bibi apate kusema lile ambalo baraza halikumwuliza.