Juma Linaanzia Wapi? Kalenda ya Shire Mbele ya Mwalimu wa Kiswahili

Tunapohakiki riwaya tumezoea kuuliza hadithi inatokea wapi na lini, kisha tukaendelea na wahusika na dhamira. Ni mara chache tunauliza wahusika wenyewe wanazihesabuje siku zao. J.R.R. Tolkien, aliyefundisha Kiingereza cha Kale katika Chuo Kikuu cha Oxford, alilijibu swali hilo kwa kirefu. Miongoni mwa viambatisho vya The Lord of the Rings, vilivyotoka mwaka 1955 pamoja na juzuu ya tatu, kimoja kizima kinahusu kalenda. Hapa tunaitazama kalenda ya Shire, nchi ya Wahobiti, kwa sababu ina somo kwetu sisi tunaofundisha Kiswahili Uganda na Rwanda.

Hesabu yake ni hii. Mwaka una miezi 12, na kila mwezi una siku 30. Zinabaki siku tano zisizo za mwezi wowote: mbili za kufunga na kufungua mwaka, na tatu za katikati ya mwaka. Siku ya katikati kabisa haipewi jina la juma. Kwa hiyo zinabaki siku 364, yaani majuma 52 kamili, na kila tarehe huangukia siku ileile ya juma mwaka hadi mwaka.

Je, unadhifu huu ndio unaotufanya tuiamini kalenda hii? Sisi tunasema la. Kugawanya siku hakuhitaji kipaji kikubwa. Hata pwani ya Afrika Mashariki, mwaka wa Nairuzi ulihesabiwa kwa miongo 36 ya siku kumi kumi, na siku tano za kujazia. Tunaiamini kalenda ya Shire kwa sababu imepita vinywani mwa watu. Kwa kuwa hakuna mwezi unaoanza Ijumaa, Wahobiti hutaja Ijumaa ya tarehe mosi kwa mzaha, wakimaanisha siku isiyokuwapo. Aidha, majina ya siku zao yamechakaa. Sterday ilikuwa siku ya nyota na Trewsday siku ya miti, lakini wasemaji wameshasahau.

Hapa ndipo Kiswahili kinapoingia. Juma la Shire huanza Jumamosi na kuisha Ijumaa, na Ijumaa ndiyo siku kuu, ya mapumziko ya alasiri na karamu za jioni. Msomaji wa Kiingereza hulazimika kuelezwa jambo hili. Msomaji wa Kiswahili hahitaji maelezo, kwa maana juma letu pia limejengwa juu ya Ijumaa: Jumamosi ni ya kwanza baada yake, Jumapili ni ya pili. Sisi nasi tumesahau. Ni wangapi wanaotambua kwamba juma letu lina siku za tano mbili, tena zinazofuatana? Jumatano ni ya tano kwa kuhesabu kutoka Jumamosi, na Alhamisi ni ya tano katika Kiarabu, ambacho huhesabu kutoka Jumapili. Hesabu mbili zilikutana, na mshono wake bado unaonekana.

Kwa sababu hiyo, mfasiri akiulizwa aandike Sterday kuwa Jumamosi au Siku ya Nyota, tungemshauri achague Jumamosi. Siku ya Nyota ingeamsha maana ambayo Wahobiti wenyewe hawaisikii tena.

Hata hivyo, kazi hii ina dosari. Mtunzi anaeleza kwamba Waelfu walianza siku jua linapotua, na watu wa Númenor jua linapochomoza, lakini saa za Shire ameziacha ziwe za Kiingereza. Katika The Hobbit (1937) Bilbo anatakiwa afike katika nyumba ya wageni saa tano asubuhi, ambayo kwa Kiingereza imeandikwa kumi na moja. Mfasiri wa Kiswahili, kwa kuandika tu saa tano, anaanza hesabu asubuhi kama watu wa Númenor, ambao kalenda ya Shire ilitokana na mfumo wao. Lugha yetu inaziba pengo lililoachwa na mtunzi.

Turudi darasani. Mganda huiita Jumanne Olwokubiri, siku ya pili, na Mnyarwanda husema kuwa kabiri. Kwa Mnyarwanda kuwa gatatu ni Jumatano; akiambiwa mtihani ni Jumatatu naye akasikia tatu yake, atafika siku mbili baada ya wenzake kumaliza. Tunamkosoa na kumwambia akariri. Lakini hajakosea kuhesabu. Ameanzia mahali pengine. Saa nazo tunazifundisha kama zoezi la kutoa sita, wakati Mganda anayesema ssaawa emu tayari anahesabu kama Mswahili.

Tolkien alijua kwamba kila kalenda ina mahali inapoanzia, na kwamba watu huanzia pasipofanana. Tunawaomba walimu, kabla ya kuandika orodha ya siku saba ubaoni, wawaulize wanafunzi: kwenu juma linaanzia wapi?