Sauti Inayotoka Nje ya Picha

Filamu ya jinai iliyotengenezwa kwa fedha kidogo haina mengi ya kuonyesha. Vyumba ni viwili, waigizaji wachache, na ajali ya gari inatajwa tu kwa mdomo. Taharuki lazima itoke mahali pengine, na mara nyingi inatoka kwenye sauti. Ndiyo maana nasema wasimulizi wa Dar es Salaam, wanaosimulia filamu za kigeni kwa Kiswahili na ambao kazi zao zimeuzwa Kariakoo kwenye mikanda ya VHS na baadaye DVD, na kuangaliwa kwenye vibanda umiza vya uswahilini, ni mafundi wa filamu kwa maana kamili. Tumezoea kuwaita watafsiri, na jina hilo linaficha zaidi ya nusu ya wanachokifanya.

Ushahidi wa kwanza uko mbali kidogo. Blackmail ya Alfred Hitchcock, filamu ya Uingereza ya mwaka 1929 isiyo na rangi, ilianza kupigwa picha Elstree ikiwa filamu bubu, kisha ikaamuliwa iwe na sauti. Kazi iliyokwisha fanyika haikutupwa: picha nyingi za bubu zilibakizwa zikatiwa sauti, na matukio mengine yakarudiwa. Hapo likazuka tatizo. Nyota wake, Anny Ondra, alikulia Prague, na lafudhi yake haikumfaa binti wa muuza duka wa London. Kwa kuwa ufundi wa kuingiza sauti baadaye ulikuwa haujawa tayari, mwigizaji mwingine, Joan Barry, alikaa nje ya fremu na kipaza sauti akitamka maneno, huku Ondra akichezesha midomo mbele ya kamera. Kwa hiyo filamu inayosifiwa kama mwanzo wa sauti katika sinema ya Uingereza ilibebwa na mtu asiyeonekana.

Tukio lake maarufu zaidi ni la kifungua kinywa. Usiku uliopita Alice, msichana anayechezwa na Ondra, amemuua kwa kisu mwanamume aliyetaka kumbaka, na sasa yuko mezani nyumbani kwao. Jirani mmoja anapiga soga kuhusu mauaji hayo. Pole pole maneno yake yanafifia na kuwa mvumo usioeleweka, isipokuwa neno moja, kisu, linalorudi tena na tena likiwa safi kabisa, mpaka Alice, aliyeombwa akate mkate, kisu kinamruka mkononi. Mezani hakijaongezwa kitu. Fundi amechagua tu kipi kisikike na kipi kifunikwe, na uchaguzi huo umetuingiza ndani ya kichwa cha msichana.

Huku kwetu picha na sauti zilitenganishwa kwa sababu ya bajeti na wingi wa lugha. Kati ya 1935 na 1937, mradi wa Waingereza wa Bantu Educational Kinema Experiment, wenye makao Vugiri, Usambara, ulitengeneza filamu 35. Maelezo yalirekodiwa kwenye santuri, ili picha zilezile ziweze kusimuliwa kwa Kiswahili au kwa lugha nyingine. Mojawapo, kuhusu akiba ya posta, inamhusu mfanyakazi anayefukia mshahara wake na mwizi anayeuiba. Somo ni la akiba, lakini linabebwa na kisa cha jinai.

Msimulizi Lufufu, yaani Kapteni Derek Gaspar Mukandala, aliufikisha mtindo wa kusimulia mbali zaidi. Mwanaanthropolojia Matthias Krings amechambua jinsi alivyoisimulia Karishika, filamu ya Kinigeria, na kuonyesha kuwa anachotoa ni masimulizi mapya: anaigiza sauti za wote, anaeleza, anaongeza yasiyosemwa na mhusika yeyote. Kiufundi, kazi ya wasimulizi wa aina yake iko kwenye kupandisha na kushusha sauti. Msimulizi anaposema, sauti ya awali inashuka lakini haizimwi. Risasi inapolia au mlango unapobamizwa, yeye ananyamaza na sauti ya filamu inapanda. Adui akiwa nyuma ya mlango, msimulizi anatuambia yuko pale, kisha anamwachia steringi chumba kizima kikiwa kimya. Ukimya huo ndio ufundi wenyewe, na anayeropoka hadi mwisho wa tukio ameuharibu.

Wapo wanaosema kutaja adui mapema kunaua taharuki. Hoja hiyo inaishia mlangoni kwa Alice. Blackmail inatuonyesha muuaji mapema kabisa, na kilichobaki ni kujiuliza nani atajua, lini, na mchumba wake mpelelezi atafanya nini. Kumjua adui kunaua fumbo tu, hofu inaongezeka. Pingamizi la pili ni zito zaidi, nami nalikubali: msimulizi mzembe anafunika muziki na mazungumzo ambayo watengenezaji wa filamu waliyafanyia kazi kwa jasho. La tatu nalikubali bila masharti. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inampa mwenye kazi haki ya kuamua nani aitafsiri, na ustadi wa msimulizi hauondoi haki hiyo.

Lakini ufundi wenyewe hauna hakimiliki, na hapa ndipo filamu zetu za jinai zinaponisikitisha. Nyingi zinashindana kuonyesha bastola na magari zisizoyamudu, huku zikirekodi maneno ya waigizaji na kelele za mtaa kwa pamoja, kiasi kwamba hakuna kinachoweza kushushwa wala kupandishwa baadaye. Mtu anayepiga picha ghorofani Kariakoo angerekodi honi, wapiga debe na jenereta peke yake, na maneno ya mwigizaji peke yake. Akifika mezani kwa kumiksi, anaweza kuufifisha mtaa mzima mpaka libaki jina la marehemu tu, likiitwa na muuzaji asiyejua kwamba muuaji amesimama mbele yake akihesabu chenji.