Hardy Krüger na Walioshika Kamba

Mtu wa Karatu akiitazama Hatari! ya Howard Hawks, jicho lake hukimbilia nyuma ya waigizaji. John Wayne anamfukuza kifaru, yeye anatafuta kilima anachokijua. Filamu hiyo ilipigwa picha Tanganyika, Ngorongoro ikiwamo, kabla ya uhuru. Ilipotoka mwaka 1962, bendera ya Uingereza ilikuwa imeshashushwa.

Mimi humtazama zaidi Mjerumani. Hardy Krüger anaigiza Kurt, dereva wa magari ya mashindano aliyegeuka mkamataji wa wanyama. Kwetu Mjerumani ana historia ndefu: ndugu wa ukoo wa Siedentopf walikuwa na mashamba ndani ya kreta kabla ya Vita vya Kwanza vya Dunia, na walowezi wa Kijerumani walilima kahawa Oldeani. Hawks hayagusi hayo. Kurt anapewa usukani, utani na wivu kidogo, basi.

Ajabu ni kwamba Krüger alijenga jina lake kwa kuibeba historia. Alizaliwa Berlin mwaka 1928. Mwaka 1944, akiwa bado mwanafunzi, aliigiza katika Junge Adler, filamu ya propaganda ya Wanazi. Mwaka uliofuata alikuwa askari wa SS mwenye miaka 16. Lakini mwaka 1957 Waingereza walimpa nafasi ya Franz von Werra, rubani mfungwa wa vita, katika The One That Got Away. Watu waliowahi kukimbia mabomu ya Wajerumani walikaa gizani wakitamani Mjerumani huyu atoroke salama. Sura nzuri peke yake haifanyi hivyo. Mhusika alipewa hila, baridi, njaa, na muda wa kuongea. Vivyo hivyo katika The Flight of the Phoenix (1965): Dorfmann anaudhi, lakini anasikilizwa.

Rudi sasa kwenye Hatari! Waafrika wapo: wanashika kamba, wanabeba vizimba, wanacheza ngoma. Maneno yao ni machache, na hakuna hata mmoja ambaye hofu yake au mapenzi yake yanasogeza hadithi. Jina la filamu ni neno letu. Wanaokumbana na hatari ni wengine.

Krüger alipapenda mahali hapa kwa dhati. Alinunua shamba Momela, chini ya Mlima Meru, akaishi huko miaka mingi, akaliandikia kitabu mwaka 1970. Baadaye akaingia kwenye runinga ya Ujerumani kama msafiri wa dunia. Kote huko msimulizi ni yeye.

Sisemi Hatari! itupwe, mbio zake bado zinasisimua. Ila kazi ya Krüger inaonyesha kwamba mtazamaji anaweza kumhurumia hata adui wa jana, mradi mwandishi ampe la kusema. Walioshika kamba Ngorongoro hawakukosa sura wala ujasiri. Walikosa mistari.