Tatizo si Mkwaju

Redio Tanzania ilianza kurusha tamthilia ya Twende na Wakati Julai 1993, mara mbili kwa wiki, ili watu wazungumze kuhusu uzazi wa mpango na ukimwi. Wasikilizaji wa Dodoma hawakuipata hadi 1995, makusudi, ili watafiti wawalinganishe na wa mikoa mingine. Ni nadra kazi ya sanaa kupimwa hivyo, kama dawa. Na ilifanya kazi: waliosikiliza walizungumza zaidi na wenzi wao kuhusu kupanga uzazi. Mimi nauliza jambo jingine: inabishana na nani?

Mkwaju, dereva wa lori mwenye wanawake njia nzima, ndiye aliyekumbukwa zaidi. Jina lake likawa onyo midomoni mwa watu. Mwishowe ukimwi unamuua. Tunu, mkewe, anavumilia, anasitasita, kisha anamwacha na kuanza biashara yake. Hapo ndipo penye nguvu ya tamthilia hii. Haimbadilishi mwanamke kwa hotuba moja. Inampa muda, na msikilizaji anasitasita pamoja naye.

Lakini Mkwaju ni rahisi mno. Nani atamtetea? Kijijini, anayekataa uzazi wa mpango mara nyingi wala si mhuni. Ni baba wa watu, anasali, anawapenda wanawe, na anaamini kwa dhati kwamba idadi ya watoto hupangwa na Mungu. Akimsikia Mkwaju atacheka na kusema, "Mimi si yule." Basi, hadithi imempita.

Na yule mama anayefika mlangoni kwake na vidonge vya majira? Huyo ndiye ningemweka katikati. Hakutoka mjini, anaishi hapo hapo, anachota maji kisima kimoja na mama mkwe anayemsema. Anajua kwa nini wengine huchagua sindano: haiachi pakiti ndani ya nyumba. Kabeba siri ya jirani yake, na kesho atakutana na mume wa jirani huyo msibani. Atamtazamaje usoni?

Hapo pana mchezo mzima, jamani, na hauhitaji mtu mbaya hata mmoja. Twende na Wakati ilionyesha kuwa redio inaweza kuingia mpaka chumbani mwa watu. Mwandishi anayefuata aingie kwa yule baba mwema, maana huko ndiko mjadala wenyewe ulipo.