Buku, Baa na Dili

Mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Dodoma, chuo kilichoanzishwa mwaka 2007, akisema kwamba amepiga buku usiku kucha, mwenzake haulizi ni panya gani aliyepigwa. Walakini kamusi ya Frederick Johnson ya mwaka 1939 yamjua buku kuwa ni panya mkubwa, na hata leo wale wanaofunzwa Morogoro kunusa mabomu ya ardhini huitwa panya buku. Buku la mwanafunzi latokana na neno la Kiingereza lenye maana ya kitabu. Tena mwanafunzi huyo huyo akienda soko la Majengo na kuambiwa kitu ni buku mbili, hutoa shilingi 2,000, asitoe panya wala kitabu.

Wako wapenzi wa lugha waonao katika migongano ya namna hii dalili ya kuharibika kwa Kiswahili. Wanadai kwamba maneno ya Kiingereza, yakiisha kuvishwa irabu zetu, huangukia juu ya maneno yaliyokuwapo zamani, na msikilizaji akapotea. Dai hili lina uzito mdogo kuliko linavyosikika. Baa ni maafa. Na baa ni mahali pauzwapo vileo. (Watakuwako watakaosema kwamba tofauti yenyewe si kubwa.) Lakini mwenye Kiswahili husema “baa hili limetufika” kwa maana ya kwanza, na “baa hii imefungwa” kwa maana ya pili, wala hafundishwi na mtu. Tai wa porini huruka, tai ya shingoni hukazwa. Mjini Dodoma, ambako Bunge limefanya makao tangu mwaka 1996, Spika huketi kitini na spika hutundikwa ukutani. Spika ikizimika, hakuna adhaniaye kwamba Spika amezimika. Upatanisho wa sarufi ni mlinzi asiyelala.

Hatari iko kwingine. Iko pale ambapo Kiswahili hakikuwa na neno la zamani la kugongana nalo, bali neno moja la Kiingereza limepata maisha mawili: moja katika kamusi ya wenyewe, la pili mtaani kwetu. Hapo upatanisho hausaidii kitu. Gesti, ambayo kwa Kiingereza ni mgeni, Dodoma ni nyumba alalamo mgeni. Gesti zikijaa wakati wa vikao vya Bunge, walioshiba siyo wageni. Kosa la hapo huishia katika kicheko. La dili haliishii hapo.

Katika Kiingereza neno hili ni mapatano ya biashara, na lenyewe halimsifu mtu wala kumlaumu. Mtaani dili ni faida ya njia ya mkato, mara nyingi isiyo halali, na mpiga dili ni mtu ambaye watu wamesita kumwita mwizi. Katika urais wa John Magufuli, kati ya mwaka 2015 na 2021, wapiga dili walitajwa majukwaani waziwazi, na hakuna msikilizaji aliyedhani wanasifiwa. Basi mfasiri kijana katika ofisi za Serikali, ambazo zilianza kuhamia Dodoma kwa wingi baada ya mwaka 2016, akiyaita mapatano halali “dili” kwa sababu sauti zafanana, amezishitaki pande zote mbili bila kujua. Na yule aipelekaye lawama ya “wapiga dili” katika Kiingereza kwa neno lile lile, amemgeuza mshitakiwa kuwa mfanyabiashara hodari. Heshima ya mtu imo katika silabi mbili.

Watungaji wa kamusi wanayo desturi ya kuziita maana za mtaani “misimu”, na kuziweka mwisho, ama kuziacha. Jina hilo lenyewe ladokeza kwamba zitapita kama masika. Mbona daladala haikupita? Imetokana na dala, jina la mtaani la shilingi 5, na leo imeingia hata katika maandishi ya Serikali. Dili nayo imekwisha zaa mpiga dili, neno ambalo halina pacha katika Kiingereza. Kidahizo chake chastahili kuanza na maana ya mtaani, kwa mfano kamili wa matumizi. Asili ya Kiingereza ifuate baadaye, pamoja na onyo kwa mfasiri kwamba kwa maana ile ya asili Kiswahili kinayo tayari mapatano, makubaliano na mkataba.